Mlinzi wa Majabali ya Tojinbo

Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, walinena wahenga. Na dhiki iliyo nzito kupita zote ni ile ambayo mwenyewe hawezi kuitamka.

Katika mkoa wa Fukui, kwenye pwani ya magharibi ya Japani, yapo majabali yaitwayo Tojinbo. Yamesimama wima juu ya bahari mfano wa nguzo zilizochongwa, na kimo chake chafikia mita 25. Wenyeji husimulia kuwa jina hilo ni la mtawa mmoja dhalimu, aliyesukumwa baharini na wenziwe katika karne ya 12. Watalii huenda huko kutazama jua likichwa. Lakini kwa miaka mingi, miongoni mwao walikuwamo pia waliokwisha kukata tamaa ya kuishi.

Yukio Shige, aliyezaliwa mwaka 1944, alikuwa mpelelezi wa polisi, na utumishi wake ulipita miaka 40. Mwaka 2003, alipokaribia kustaafu, alikuwa katika kituo cha Mikuni, mji ulio jirani na majabali hayo. Jioni moja, akiwa katika doria, aliwakuta mzee mmoja na mkewe wakingojea jua lizame. Walikuwa wametoka Tokyo. Biashara yao ilikuwa imezama katika madeni, na walikuwa wamekusudia kufa pamoja. Shige aliwasihi, wakakubali kuondoka, naye akawakabidhi kwa wenye dhamana ya kuwasaidia wasiojiweza. Walichopewa huko ni nauli ya kuwafikisha mji wa pili; na mji wa pili nao ukawapa nauli ya kwenda mbele. Siku chache baadaye walijitoa roho katika mkoa mwingine. Barua waliyomwandikia Shige ilimfikia wakiwa wamekwisha kufa.

Barua hiyo ndiyo iliyoyageuza maisha yake. Alipostaafu mwaka 2004, Shige hakwenda kupumzika, bali aliunda jumuiya ya watu wa kujitolea. Jina aliloipa lingewapendeza washairi, kwani maana yake ni ofisi ya kuhariri mkusanyiko wa maandishi yaugusayo moyo. Wakafungua duka dogo la chai karibu na majabali, wakawa wanapita zamu wakiwa na darubini.

Ujuzi wa upelelezi haukupotea, ila ulibadilishiwa kazi. Jicho lililozoea kumsaka mhalifu sasa lilimtafuta aliyekuja peke yake, asiye na kamera, asiyenunua kumbukumbu, aliyeketi mahali pamoja mpaka jua likainama. Shige hakumkabili mtu wa namna hiyo kwa mahubiri. Alimsogelea taratibu, akamwamkia, akamgusa bega. Wengi waliangua kilio kwa salamu hiyo tu. Kisha aliwakaribisha dukani, wakala mochi, mkate wa mchele uliopondwa, ambao Wajapani huula mwaka mpya pamoja na jamaa zao. Ladha yake humkumbusha mtu nyumbani.

Hata hivyo, salamu na chakula vilikuwa mwanzo tu. Wale wazee wawili nao waliondolewa majabalini wakiwa hai. Kilichowaua ni kuachwa baada ya hapo. Kwa hiyo Shige na wenziwe walimtafutia mtu pa kulala, wakamtafutia kazi, wakamsaidia kuyakabili madeni, na ilipobidi wakaenda kuzungumza na jamaa au mwajiri wake. Kufikia mwisho wa miaka ya 2010, waliookolewa kwa njia hiyo walizidi 600.

Mwaka ule wa barua, Japani ilipoteza watu zaidi ya 34,000 kwa kujiua. Mwaka 2006 nchi ilipitisha sheria ya kuzuia maafa hayo, na kufikia mwaka 2019 idadi ilikuwa imeshuka hadi 20,000 na kitu. Juhudi hizo zilikuwa za wengi. Fungu la Shige ndani yake ni funzo alilolilipia kwa majonzi: kwamba aliyeshikwa mkono ukingoni hajaokoka bado, mpaka apatikane wa kwenda naye hadi mlangoni.