Kamba na Risasi Katika Kongo

Mwezi wa Januari 1895, huko Lindi, mashariki ya nchi yetu, Kapteni Lothaire wa jeshi la Mfalme Leopold alimnyonga Mzungu. Ndiyo, Mzungu! Alikuwa Charles Stokes, mtu wa Ireland, zamani mmisionari wa Kiprotestanti, kisha mfanya biashara ya pembe za ndovu. Alishtakiwa kuwauzia adui za serikali bunduki. Hukumu ilikatwa upesi, wala hakupewa nafasi ya kuomba rufaa kwa wakubwa wa Boma. Waingereza wakakasirika, Leopold akalipa faranga 150,000. Lakini Lothaire aliachiliwa Boma, na tena Brussels mwaka 1896.

Chini ya Wabelgiji raia alinyongwa, askari alipigwa risasi. Nao walipoondoka, kamba ilibaki. Tarehe 2 Juni 1966, siku chache baada ya Pentekoste, Évariste Kimba, aliyekuwa Waziri Mkuu, na mawaziri watatu wa zamani walinyongwa katika mji mkuu mbele ya maelfu ya watu.

Tangu 2003 hukumu za kifo zilitolewa bila kutimizwa. Machi 2024 serikali iliondoa kizuizi hicho, hasa kwa ajili ya wasaliti wa vita hivi vya Kivu. Papa Fransisko alikuwa ameandika katika Katekisimu, mwaka 2018, kwamba adhabu hiyo haikubaliki.

Hapa Karuba, mama aliyezika mwanawe akisema, "Nao wauawe," mimi simkemei. Lakini Lothaire naye alikuwa na hakika.