Tarehe ya Wavuvi wa Ziwa Kivu na Haki ya Wahavu wa Idjwi

Wako watu mjini Bukavu, hata miongoni mwa wauzaji wa soko la Kadutu, wanaonena kwamba uvuvi wa Ziwa Kivu uliletwa na Wabelgiji. Kauli hiyo ni dhulma juu ya Wahavu wa kisiwa cha Idjwi, ambao ndio wenye kazi hii kwa asili. Maana Washi, jirani zao wa bara, pamoja na utukufu wa enzi yao, walikuwa watu wa ng'ombe na migomba.

Banyambiriri walitangulia kisiwani. Kisha akaja Mwendanga, wa ukoo wa Basibula, akawa mwami wa kwanza. Lakini fahari ya Idjwi ni mwanawe Kabego, ambaye wazee husimulia kuwa mitumbwi yake, iliyochongwa kila mmoja katika gogo moja, ilimtaabisha mwami Rwabugiri wa Rwanda, hata kisiwa kilipotekwa na Kabego akauawa. Rwabugiri naye alifariki mwaka 1895 akiwa katika safari ya vita juu ya Bushi, nchi ya Washi, na watu wa ziwa husema kwamba ajali ilimkuta majini, wakiiona ni kisasi cha Kabego.

Zama hizo mvuvi alitega migono katika mafunjo na matete ya ghuba, wala hakwenda mbali. Kwani ajabu ya ziwa hili ni kwamba kina chake chapata mita 485, ilhali chini ya mita 60 hivi haishi samaki yeyote, kwa kuwa maji hayo yamejaa gesi wala hayana hewa.

Ama sambaza, samaki wadogo wavuliwao leo, asili yao ni Ziwa Tanganyika. Kati ya 1958 na 1960 Wabelgiji walitia ziwani vifaranga vya samaki wa aina mbili. Moja ikaangamia, ya pili ikazaana, nayo ndiyo sambaza. Watu wa Uvira, walioko kando ya Tanganyika, wakijivunia mbegu, ni haki yao. Lakini mbegu si uvuvi.

Leo mitumbwi mitatu hufungwa pamoja kwa miti mirefu, taa zikawashwa, wavu ukashushwa, na wapiga makasia huimba usiku kucha, isipokuwa usiku wa mbalamwezi, ambapo nuru ya mwezi huishinda ya taa. Alfajiri akina mama hupokea mabeseni ufukweni.

Nanyi vijana mnaokokota vyandarua kandokando ya matete, nawasihi mviache, kwani ndimo sambaza wachanga wanamokulia.