Somo la Historia: Jinsi Wasukuma Walivyowakumbuka Wafu Wao

Wekeni madaftari tayari. Leo tutazungumza juu ya marehemu wa ukoo.

Zamani, katika nchi ya Usukuma, mwenye mji alipofariki alifungwa katika ngozi ya ng'ombe, akazikwa zizini au kando yake. Ng'ombe ndio mali ya ukoo. Mlinzi wao alilala karibu nao. Tangu hapo alihesabiwa miongoni mwa masamva, yaani mizimu ya ukoo.

Masamva walijengewa vijumba vidogo vya nyasi. Ugonjwa ulipoingia nyumbani, watu walikwenda kwa mfumu. Yeye alipasua kuku, akatazama matumbo yake, akamtaja babu au bibi aliyesahauliwa. Jamaa walikusanyika, wakamwaga pombe ya mtama, wakalitaja jina lake. Tena mtoto alipozaliwa, alipewa jina la mmoja wa wazee hao.

Je, ni Wasukuma peke yao? La. Wamaya wa Yucatán, nchini Mexico, huwaandalia wafu chakula kila mwaka, tarehe 31 Oktoba hadi 2 Novemba. Mkate mkubwa wa mahindi wenye nyama ya kuku huokwa shimoni. Katika mji wa Pomuch, jamaa huitoa mifupa, huipangusa vumbi, kisha huilaza juu ya kitambaa kipya.

Lakini mambo hubadilika. Mwaka 1913 hospitali ya misheni ilianzishwa hapa Kolandoto. Wengi walibatizwa, wakaanza kuzika kwa sala na msalaba. Mwaka 1974 Serikali iliwahamisha watu wa Shinyanga kwenda vijiji vya pamoja. Miji yao ya zamani iligeuka mahame, na makaburi yakabaki humo humo. Kaburi lisilo na alama, jembe likipita juu yake, halijulikani tena.

Basi, mahali pakipotea, hubaki nini? Hubaki jina. Lakini jina linalokaa kinywani tu huzikwa pamoja na mzee wa mwisho anayelijua. Jina lililoandikwa halihitaji zizi wala kijumba. Mjukuu atalisoma popote atakapohamia. Iwe mtu husali kanisani, msikitini au hufuata mila, kazi hii ni yake.

Maswali:
1. Masamva ni nani?
2. Wamaya wa Pomuch hufanya nini?
3. Mwulize mzee wa nyumbani kwako majina ya babu na bibi zake, na mahali walipozikwa. Yaandike daftarini.