Kutu ya 1952 na mahindi ya uchagani

Mwishoni mwa Novemba 2025 Mahakama Kuu ya Kenya ilifutilia mbali vifungu vya sheria ya mbegu vilivyokuwa vikimtishia mkulima kifungo cha hadi miaka miwili, au faini ya hadi shilingi milioni moja, kwa kosa la kuuza au kubadilishana mbegu isiyosajiliwa. Kesi ilikuwa imefunguliwa na wakulima wadogo mwaka 2022. Upande mmoja ulizungumzia mila, haki na njaa. Upande wa pili ukazungumzia ubora na mbegu feki. Katika mabishano yote hayo sikuisikia kutu ikitajwa, nayo ilistahili kuitwa shahidi. Miaka 70 na ushee iliyopita mahindi ya Pwani yalivamiwa na ugonjwa ambao hayakuwa na kinga nao hata kidogo, na kama tutakavyoona, mengi ya mahindi hayo yalijiponya kupitia mbegu za aina ileile ambayo sheria ilikuja kuipiga vita.

Ugonjwa wenyewe ni ukungu uitwao kitaalamu Puccinia polysora. Wenyeji wa mashamba ya milimani wanajua kutu nyingine, ile ya siku zote, yenye vipele virefu vya rangi ya kahawia vinavyotokea pande zote mbili za jani. Hiyo hupenda baridi na mara nyingi mkulima huipita bila kuitazama mara mbili. Hii nyingine ni ya joto. Vipele vyake ni vidogo, vya duara, vya rangi ya machungwa, vimesongamana upande wa juu wa jani mpaka unaona kama jani limemwagiwa bizari. Ukikatiza kati ya mistari ya mahindi yaliyoshikwa hasa, mikono ya shati hutoka imebadilika rangi.

Mmarekani Lucien Underwood aliuelezea ukungu huo mwaka 1897 kutokana na nyasi zilizochumwa Alabama, nyasi ambazo ni za ukoo mmoja na mahindi. Huko kwao haukuwa na makuu. Mahindi ya nchi za joto za Amerika yalikuwa yameishi nao enzi na enzi.

Yetu hayakuwa hivyo. Wareno walipoyaleta mahindi Afrika katika karne ya 16, kutu hii iliachwa ng'ambo. Haisafiri ndani ya mbegu kavu. Inahitaji jani bichi, na safari ya jahazi ilikuwa ndefu mno kwake. Kwa karibu miaka 400 mahindi ya Afrika yalipandwa, yakavunwa na kuchaguliwa bila kujaribiwa na adui huyo, na kinga ambayo haijaribiwi hupungua kizazi baada ya kizazi. Kisha zikaja ndege, ambazo wengi huzilaumu kwa yaliyofuata, kwa kuwa hindi bichi lenye maganda yake lingeweza sasa kuvuka Atlantiki likiwa bado bichi.

Mwaka 1949 kutu ilionekana Sierra Leone. Kufikia 1951 ilikuwa imeenea Afrika Magharibi hadi Nigeria. Mwaka 1952 ikabisha hodi Kenya na Tanganyika. Sehemu zilizoshikwa vibaya huko magharibi zilipoteza nusu ya mavuno au zaidi, na kuna mashamba ambayo mahindi yalikauka kabla hayajatoa mbelewele. Kwetu, nyanda za juu zilisalimika kwa sababu ya baridi. Balaa lilikuwa la mashamba yaliyo chini ya mita 1,200 hivi kutoka usawa wa bahari, Pwani ikiwa mbele.

Serikali za kikoloni zilikuwa na mtu wa kumkimbilia. Huyo ni Harold Haydon Storey, mtaalamu wa magonjwa ya mimea ambaye miaka ya 1920 huko Afrika Kusini alikuwa amethibitisha kwamba ugonjwa wa milia ya mahindi huenezwa na mdudu mdogo anayerukaruka kwenye majani. Baadaye alihamia Amani, katika milima ya Usambara, na yeye na mwenzake wakaanza kuchanganya muhogo na jamaa zake wa porini ili kuupa kinga dhidi ya batobato. Kutu ilipoingia, Storey alikuwa Muguga, nje kidogo ya Nairobi, katika shirika la utafiti wa kilimo na misitu la Afrika Mashariki.

Kazi ya Muguga ilikuwa safi, na ilikuwa ya kisomi hasa. Waliagiza mahindi ya Amerika ya joto, wakayapaka ukungu, wakaangalia ni mche upi haushikwi. Yeye na A. K. Howland wakapata jeni waliyoiita Rpp1. Mche wenye jeni hiyo haukuwa na kipele hata kimoja. Kwa bahati mbaya furaha haikudumu. Mwaka 1955 taarifa ilitoka katika jarida la Nature kwamba kutu ya Afrika Mashariki haikuwa ya namna moja tu. Iliyozuiwa na Rpp1 ikapewa jina EA1. Iliyoipita kama mlango usio na komeo ikaitwa EA2. Kulikuwa na jeni ya pili, Rpp2, iliyozuia zote mbili. Mwaka 1967 Storey na Howland walikuwa wakiandika tena, safari hii kuhusu EA3.

Hapo ndipo ulipozaliwa ugomvi juu ya namna ya kuipata kinga, na mimi naufuata kama anavyousimulia Raoul Robinson, mtaalamu wa magonjwa ya mimea aliyefanya kazi Kenya na ambaye mwaka 1996 alichapisha kitabu kizima, Return to Resistance, cha kuwashutumu wenzake. Robinson alikuwa mfuasi wa J. E. van der Plank wa Afrika Kusini, aliyegawa kinga ya mimea katika mafungu mawili. Kuna kinga ya jeni moja, inayozuia ugonjwa kabisa mpaka siku ukungu ubadilike, na siku hiyo yote huporomoka kwa mkupuo. Na kuna kinga ya jeni nyingi ndogondogo, ambayo haizuii ugonjwa kabisa bali huupunguza makali, na ambayo ukungu haujui pa kuivunjia.

Robinson anauliza: wakati Muguga ikifukuzana na EA1, EA2 na EA3, mkulima wa Kilifi, huko Pwani, alikuwa akifanya nini? Jibu lake ni kwamba alikuwa akipanda, na hiyo ikatosha. Mahindi ya kienyeji huchavushwa na upepo, na hakuna mche unaofanana kabisa na mwenzake. Mche uliokufa kwa kutu haukutoa mbelewele wala hindi. Mche uliougua nusunusu ulitoa kihindi chenye mapengo. Ule uliostahimili kidogo kuliko wenzake ulimwaga chavua yake juu ya shamba zima. Msimu ulipokwisha, mama mwenye shamba aliyachagua mahindi yaliyojaa vizuri, akayafunga kwa maganda yake, akayapandisha uchagani juu ya meko ili moshi uyakinge na wadudu. Hiyo ndiyo iliyokuwa mbegu ya mvua zinazofuata. Pwani ina masika na vuli, kwa hiyo vizazi 10 hadi 15 ambavyo Robinson anasema vilihitajika ni suala la miaka michache tu. Kwa maelezo yake, mbegu ya Muguga ilipokuwa tayari, ugonjwa mashambani ulikuwa umekwisha kuwa jambo dogo.

Robinson ana chumvi yake. Anawachora watafiti wa Muguga kana kwamba walikuwa wakichezea vibiriti nyumba ikiungua, ilhali bila kazi yao hata yeye asingekuwa na mfano huu wa kinga inayovunjika. Wala asifikiriwe kwamba kujiponya huko kulikuwa bure. Misimu ya mwanzo iligharimu vyakula vya watu, na aliyelala njaa mwaka 1953 hakufarijiwa na kinga ya mwaka 1960. Ila kwenye jambo kubwa naona ana haki. Majina ya Storey na Howland yapo kwenye majarida. Mahindi ya mdzihana na mingawa, ambayo familia za Wamijikenda wa Pwani zimeyatunza kwa mkono, hayana mwandishi wa kutajwa.

Yaliyofuata ni mafupi. Kituo cha utafiti wa kilimo cha Pwani kilitoa mbegu ya Coast Composite mwaka 1974, kisha zikaja chotara za Pwani. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika 1977 na shirika la Muguga likaenda nayo. Marekani ilipata funzo lake mwaka 1970, pale ukungu mwingine wa majani ulipofyeka takriban asilimia 15 ya mahindi ya nchi nzima kwa kuwa chotara nyingi zilitokana na chanzo kimoja. Hata hivyo kinga ya jeni moja dhidi ya kutu iliendelea kutumika huko, mpaka 2008 ilipovunjwa Georgia. Mwaka 2025 kutu hiyohiyo ililipuka Iowa.

Sheria ya mbegu ya Kenya bado ina sehemu ambazo mahakama haikuzigusa. Anayetaka haki za aina yake mpya lazima aithibitishe mbele ya KEPHIS, shirika la serikali la ukaguzi wa mimea, kuwa ni ya kipekee, kuwa miche yake inafanana, na kuwa haibadiliki kizazi hadi kizazi. Mahindi yaliyokuwa Kilifi mwaka 1952 yangeanguka katika vigezo hivyo viwili vya mwisho.