Mbogani: Nani Aliingia kwa Mlango Upi?

Nikiingia nyumba yoyote ya zamani, kuna swali napenda kuuliza, na si lile la "nani aliishi hapa?" Jibu la hilo kwa kawaida limeshaandikwa ukutani. Mimi huuliza: nani aliingia kwa mlango wa mbele, nani alizunguka nyuma, na nani hakuingia kabisa? Ukiuliza hivyo, hata nyumba uliyoizoea kwenye selfi za watu inaanza kukuambia mambo mengine.

Chukua ile nyumba ya Karen Blixen, hapa Nairobi, chini ya vilima vya Ngong. Wengi wetu tulipelekwa huko na shule, tukapanga mstari, tukaambiwa tusiguse kitu. Mimi nimerudi mara kadhaa nikiwa mtu mzima, manake nilitaka kuiangalia kama jengo, si kama sinema.

Ilijengwa mwaka 1912 na mhandisi Mswidi, Åke Sjögren. Ni bangalo: nyumba ya chini isiyo na ghorofa, kuta za mawe, paa la vigae, vyumba vipana vilivyotandazwa kwa upana, na veranda ya kukaa jioni ukitazama vilima. Neno bangalo lenyewe limetoka India, likimaanisha nyumba ya mtindo wa Bengal. Waingereza waliuchukua mtindo huo wakausambaza kila walikotawala, na Nairobi ya Wazungu ilijaa nyumba za aina hii. Kwa hivyo, kwa ujenzi, nyumba hii si ya ajabu. Ilikuwa nyumba ya setla mwenye uwezo, basi.

Wenyewe waliiita Mbogani, jina linalosemekana kumaanisha nyumba ya msituni. Mimi nikilisikia kwa sikio la Kiswahili nafikiria sukuma wiki, lakini haya. Karen Blixen na mumewe, Bror, walihamia hapo mwaka 1917 kutoka nyumba ndogo ya Mbagathi, kampuni ya kahawa ya familia yake ya Denmark ilipolinunua shamba. Makumbusho yanahesabu shamba hilo kuwa ekari 4,500. Yeye mwenyewe, kwenye kitabu chake cha mwaka 1937, alihesabu ekari 6,000. Kahawa ilichukua ekari 600 hivi tu.

Sasa, ekari zote hizo zilitoka wapi? Hapa ndipo mawe ya nyumba yanaanza kuwa na uzito. Sheria ya ardhi ya mwaka 1902 iliipa serikali ya kikoloni nguvu ya kugawa ardhi kwa masetla. Ile ya mwaka 1915 ikawapa hati za kukodi za miaka 999. Miaka mia tisa tisini na tisa, fikiria! Kisha mwaka 1921, katika kesi ya Isaka Wainaina, mahakama ikaamua kwamba Mwafrika hana haki ya kumiliki ardhi anayoishi. Yeye ni mpangaji wa Taji la Uingereza, na anaweza kuondolewa.

Kwa hivyo Wakikuyu waliokuwa kwenye shamba hilo waliitwa maskwota. Blixen aliandika kwamba kama ekari 1,000 zilikuwa mashamba yao. Walilima mahindi na maharagwe, walifuga mbuzi na ng'ombe, na walilipia ruhusa hiyo kwa jasho: sheria ya mwaka 1918 ilimtaka skwota kumfanyia kazi mwenye shamba siku zisizopungua 180 kwa mwaka. Hiyo ni nusu ya mwaka, bwana. Juu yake kulikuwa na kodi ya nyumba, iliyohesabiwa kwa kila kibanda. Na ukisema basi nipande kahawa yangu niuze, hapana. Waafrika walianza kuruhusiwa miaka ya 1930, tena kwa kiwango kidogo, Kisii, Meru na Embu. Wakikuyu wengi wa Kiambu walingoja hadi karibu miaka ya 1950.

Rudi sasa kwenye nyumba, uone jinsi mpangilio huo ulivyojengwa ndani yake. Sebule na chumba cha kulia viko mbele, kwa wageni. Jiko liko nje, kwenye jengo lake kando, kama ilivyokuwa kawaida ya nyumba hizo: moto na moshi mbali, na mpishi naye mbali. Blixen aliandika pia kuhusu meza ya jiwe la kusagia, iliyowekwa nyuma ya nyumba. Hapo ndipo alipoketi kuzungumza na watu wa shamba na kusikiliza mashauri yao. Yaani ofisi ya shamba ilikuwa nje. Wagonjwa nao walikuja asubuhi, wakatibiwa barazani.

Usinielewe vibaya, baraza si tusi. Nyumba za Lamu na Mombasa zina baraza mbele, na mgeni huketi hapo kwa heshima kabla ya kukaribishwa ndani. Tofauti ni hiyo ya mwisho: kukaribishwa ndani.

Wapo waliovuka mlango kwa sababu ya kazi. Farah Aden, Msomali, ndiye aliyesimamia nyumba nzima, na bila yeye pale pasingekalika. Kamante Gatura alikuja akiwa mtoto mgonjwa wa miguu, akatibiwa katika hospitali ya wamishonari wa Scotland kule Kikuyu, kisha akawa mpishi hodari. Mwaka 1928, Mwanamfalme wa Uingereza alipokuja Kenya, alikula chakula cha jioni Mbogani. Kamante alipika. Mgeni aliingia kwa mlango wa mbele, sahani zikatoka jikoni.

Halafu kuna Chifu Kinyanjui wa Gathirimu, ambaye Blixen alimwita rafiki. Mwaka 1929 mzee huyo alikuwa anaumwa vibaya mguu. Hakutaka kupelekwa hospitali ya wamishonari. Aliomba jambo moja: achukuliwe kwa gari la Blixen apelekwe nyumbani kwake Mbogani, akafie hapo. Blixen alikataa. Aliogopa lawama na maswali ambayo yangemwangukia, na ameyaeleza haya yeye mwenyewe kitabuni bila kujificha. Kinyanjui alipelekwa hospitali, akafa.

Mimi kila nikisimama kwenye ule mlango namkumbuka huyo mzee. Si kwamba Blixen alikuwa na roho mbaya kuliko masetla wengine. Alikuwa bora kuliko wengi. Lakini nyumba ile ilijengwa juu ya mpango uliompa mgeni hati na kumwita mwenyeji mpangaji, na siku urafiki ulipopimwa, mpango ndio ulioshinda.

Shamba lenyewe halikudumu. Pale ni zaidi ya futi 6,000 juu ya bahari, baridi na upepo vikali mno kwa kahawa, mvua haziaminiki. Bei iliposhuka, kampuni ikafilisika, na mwaka 1931 Blixen akarudi Denmark. Kabla ya kuondoka alizunguka ofisi za serikali akiomba maskwota wasitawanywe, na mwishowe wakapewa sehemu ya msitu wa Dagoretti wakae pamoja. Hilo lazima tumpe. Ila ona: ombi lilikuwa lake kupeleka, kwa sababu wao kisheria hawakuwa na la kudai.

Mnunuzi mpya aliligawa shamba kuwa ploti za ekari 20, na hapo ndipo mtaa wa Karen ulipozaliwa. Mwaka 1964 serikali ya Denmark iliinunua nyumba na kuipa Kenya kama zawadi ya uhuru. Ikatumika kama chuo cha lishe. Baada ya ile filamu ya 1985 iliyobeba Oscar saba, ikawa makumbusho mwaka 1986, na baadhi ya samani alizokuwa ameziuza Blixen zikarudishwa. Ngũgĩ wa Thiong'o alishakikosoa kitabu chake vikali, na hiyo hoja bado inaendelea.

Mawe hukaa, nyasi huoza. Nyumba za maskwota zilikuwa za udongo na nyasi, ndiyo maana leo tunalipa tiketi kuona kitanda cha mwenye shamba na hatuwezi kuona cha mpalilia kahawa. Mimi sitaki nyumba ile ibomolewe. Nataka tuisome yote. Ukienda, piga picha zako, kisha pita jikoni, uzunguke nyuma, usimame pale nje. Halafu ukitoka getini, angalia kuta ndefu za Karen na ujiulize hizo hati zilianzia wapi. Hilo swali bado liko mahakamani, kwenye mikutano ya vijijini na kwenye familia nyingi za Kenya, pengine hata yako.