Kutoka Pesa 64 hadi Senti 100

Mwaka 1904 serikali ya Kijerumani ilianza kutoa sarafu zake katika Afrika Mashariki, na rupia iliyokuwa na pesa 64 ikagawanywa upya kuwa hela 100. Vitabu vya historia hulitaja jambo hili kwa mstari mmoja, kama suala la makarani. Kwangu lina uzito zaidi ya huo, kwa sababu naamini watu wa ukanda huu walijifunza kutoa desimali kwenye daftari la duka kabla ya kuifahamu ubaoni. Chukua hesabu ya duka la Bagamoyo kabla ya mageuzi hayo: mteja ana rupia 5 na pesa 13, anadaiwa rupia 2 na pesa 39. Pesa 13 hazitoshi, basi anaivunja rupia moja, anapata pesa 64, akizijumlisha na zile 13 zinakuwa 77. Ukitoa 39 zinabaki 38, na rupia 4 ukitoa 2 zinabaki 2. Katika hesabu hiyo fupi amekopa kwa vipimo viwili: 64 alipoivunja rupia, kisha kumi alipotoa 39 katika 77. Kwa Waingereza wa Mombasa mambo yalikuwa mazito zaidi, maana rupia ilikuwa na anna 16 na kila anna ilikuwa na pesa 4. Kwa hela, kiasi kinachokaribiana na kile cha Bagamoyo ni 5.20 kutoa 2.61. Sufuri haitoshi kutoa 1, kopa kumi, 10 kutoa 1 ni 9. 1 iliyobaki haitoshi kutoa 6, kopa tena, 11 kutoa 6 ni 5. 4 kutoa 2 ni 2. Jibu ni 2.59, na kila mkopo ulikuwa wa kumi. Aliyekwisha kujua kutoa 261 katika 520 hakuwa na jambo jipya la kujifunza ila kupanga nukta chini ya nukta.

Wazo lenyewe la desimali lilikuwa la zamani sana. Al-Uqlidisi aliandika sehemu za desimali mjini Damascus mwaka 952, al-Kashi akazifafanua kwa kina Samarkand mwaka 1427, na Simon Stevin akawaeleza wapima ardhi na wafanyabiashara wa Ulaya katika kijitabu cha mwaka 1585, akitaka hata sarafu na mizani zigawanywe kwa kumi. Kwa hiyo anayesema kwamba desimali ilikuwa zawadi ya wakoloni anakosea mara mbili. Kwanza, haikuwa mali yao peke yao. Pili, Waingereza walioleta rupia ya senti 100 Kenya na Uganda kuanzia 1906, kisha shilingi ya senti 100 mwaka 1921, waliendelea kwao kukopa peni 12 kwa kila shilingi na shilingi 20 kwa kila pauni hadi tarehe 15 Februari 1971. Wajerumani nao walitazama hazina yao: rupia 15 zilikuwa sawa na mark 20, kodi ya nyumba ilikusanywa kwa rupia, na vitabu vilipaswa kusomeka Berlin. Faida aliyoipata muuza duka haikuwa nia yao, lakini aliipata.

Kuna pingamizi lenye nguvu zaidi. Soko huishi kwa nusu, robo na nusu ya robo, na 64 hugawanyika katikati mara sita mpaka ifike moja, ilhali 100 hukwama baada ya 25. Ushahidi upo kwenye sarafu zenyewe: Wajerumani walilazimika kutoa nusu hela, na Waingereza nusu senti. Nakubali kabisa kwamba kwa kugawa fungu la ndizi mkononi, pesa 64 zilikuwa bora. Mirathi nayo haikupata nafuu, maana theluthi na sudusi zake haziishi kamwe zikiandikwa kwa desimali. Lakini deni la miezi mitatu halikai mkononi. Hukaa kwenye karatasi, likipunguzwa kidogo kidogo, na kwenye karatasi kutoa ndiyo kazi inayorudiwa kuliko zote.

Namna ya kuandika bei inathibitisha kwamba desimali ilieleweka kwanza dukani. Afrika Mashariki ilirithi mkwaju wa Kiingereza, Sh. 3/50, ila kulia kwake pakakaa sehemu za mia badala ya peni 12. Mkwaju ule ulikuwa nukta ya desimali kwa sura nyingine, na ulidai tarakimu mbili daima: shilingi tatu na senti tano ziliandikwa 3/05, kamwe si 3/5. Ndiyo maana kosa linalowasumbua wanafunzi wengi leo, la kutoa 3.75 katika 12.4 kwa kupanga tarakimu za mwisho pamoja, 4 juu ya 5, lilikuwa gumu kufanyika dukani. Shilingi kumi na mbili na senti arobaini ziliandikwa 12/40, sufuri ikiwa mahali pake tayari, na jibu la 8/65 lingeweza kuhakikiwa kwa kuhesabu chenji mezani.

Mfumuko wa bei umeiondoa senti mikononi mwa wanunuzi wa Tanzania na Kenya. Mwalimu anayeandika 12.4 ubaoni anafundisha kanuni bila kitu kilichoifanya ieleweke, na lawama nyingi tunazowatupia wanafunzi kwa kuogopa desimali zinatoka hapo. Hata hivyo kitu hicho hakijatoweka kabisa: senti bado ipo kwenye taarifa za benki na kwenye bei ya petroli nchini Kenya, inayotangazwa hadi tarakimu mbili baada ya nukta, na mita moja ya fundi cherehani bado ina sentimita 100.