Chungu, Kahawa, na Dawa Iliyokuwa kwa Jirani



Ndugu wasomaji, wazazi na wanafunzi, leo tunapenda tuzungumze juu ya kiumbe tunayeishi naye nyumba moja bila ya kumkaribisha. Hapa kwetu Kampala, ukisahau kufunika kopo la sukari usiku, asubuhi utakuta mstari mweusi umeingia dirishani, umeteremka ukutani na umeishia ndani ya kopo. Mama atachemsha maji, baba atatafuta mafuta ya taa, na watoto watakanyaga kwa miguu. Ni mara chache tunakaa tukaulizana: wamejuaje kuwa kopo liko wazi? Nani amewaambia wenzake? Na je, tunamjua huyu tunayemuua?

Swali hili la mwisho si dogo. Hapa Afrika ya Mashariki liliwahi kuwagharimu wakulima miaka kumi na mitano ya hasara, na jawabu lake likapatikana Uganda. Hiyo ndiyo historia tunayotaka kuwasimulia. Lakini kwanza tumjue mwenyewe.

MJI WA CHUNGU

Katika Qur-ani Tukufu iko Sura iliyopewa jina la chungu, nayo ni Suratun-Naml, Sura ya 27. Katika aya ya 18 tunapata habari za chungu aliyewatahadharisha wenzake lilipokaribia jeshi la Nabii Suleiman (A.S.). Tuangalie jambo moja hapa: aliiona hatari na hakukimbia peke yake. Aliwafikiria wenzake kwanza.

Wanazuoni wa Kiislamu waliwatazama viumbe hawa zamani sana. Al-Jahidh wa Basra, ambaye inasimuliwa kuwa babu yake alikuwa mtu mweusi, aliandika Kitabul-Hayawan, kitabu kikubwa juu ya wanyama, kabla ya kufariki kiasi cha mwaka 868. Humo alieleza jinsi chungu wanavyoweka akiba ya nafaka, na jinsi wanavyoipasua mbegu ili isije ikaota humo ghalani.

Siku hizi tunajua zaidi. Wale tunaowaona wakibeba makombo jikoni wote ni majike. Yuko malkia ambaye kazi yake ni kutaga mayai, na wako madume ambao maisha yao ni mafupi. Wafanyakazi ndio wanaolea watoto, wanaochimba, wanaolinda na wanaotafuta chakula. Malkia hatoi amri. Chungu mmoja akipata sukari, anarudi nyumbani huku akiacha harufu chini, na mwenzake akiifuata naye huongeza yake. Harufu ikizidi, njia inakuwa barabara kuu. Chakula kikiisha, hakuna anayeongeza harufu, na barabara inakufa yenyewe. Ndani ya kichuguu, aliyeshiba humtilia mwenye njaa chakula mdomoni.

Tusiwachanganye na kumbikumbi ambao Waganda huwaita enswa na huwala msimu wa mvua. Hao ni mchwa, na jamaa zao wa karibu ni mende. Chungu ni ndugu wa nyuki na nyigu. Siafu lakini, ensanafu kwa Kiganda, ni chungu hasa. Wafanyakazi wao hawana macho, nao hutembea kwa mamilioni. Wazee wengi wa vijijini wanakumbuka usiku ambao watu walihama nyumba kuwapisha siafu, na waliporudi asubuhi wakakuta panya na mende wote wamekwisha.

MDUDU MWEUPE WA MWAKA 1923

Sasa tuingie katika kisa chenyewe. Mwaka 1923, huko Kenya, katika mashamba ya kahawa ya upande wa Thika, walionekana wadudu wadogo weupe, laini, kama waliopakwa unga. Wakulima wengine huwaita vidung'ata. Walijibandika kwenye vichipukizi, maua na matunda machanga ya mibuni wakifyonza utomvu. Majani yakafunikwa na masizi meusi, na mavuno yakapotea. Wadudu hao wakaenea shamba baada ya shamba.

Kila palipokuwa na vidung'ata, palikuwa na chungu. Walikuwa wadogo wa rangi ya kahawia, wa jamii iitwayo Pheidole, ambao askari wao wana vichwa vikubwa mno kwa miili yao. Kwa nini walikuwa hapo? Kidung'ata hufyonza utomvu mwingi kuliko anaouhitaji, na kinachobaki hukitoa nyuma kama maji matamu. Chungu wanayapenda maji hayo kama watoto wanavyopenda asali. Basi wakawafanya vidung'ata kuwa ng'ombe wao. Wanawakamua, na kama mchungaji yeyote, wanawalinda. Kila mdudu aliyekuja kuwala vidung'ata alifukuzwa.

Wataalamu walipolielewa hili, wakulima walianza kupaka grisi kuzunguka shina la mbuni ili chungu wasipande. Ilisaidia, kwa kuwa ng'ombe wasio na mchungaji huliwa. Lakini fikirini kazi yenyewe. Ni mti kwa mti, shamba zima, na grisi ikikauka ipakwe tena. Tawi moja tu likigusa ardhi linakuwa daraja, na chungu wanapita.

KOSA LA JINA

Wataalamu wakaamua kutafuta adui wa asili wa kidung'ata. Rai ilikuwa nzuri, lakini palikuwa na tatizo. Walidhani kuwa kidung'ata huyu ni wa aina inayojulikana huko Asia. Kwa hiyo macho yao yalielekea mbali, ng'ambo ya bahari, na wadudu walioletwa kutoka huko hawakumuweza. Miaka ikapita, na grisi ikaendelea kupakwa.

Katika idara ya kilimo ya Kenya alikuwapo mtaalamu wa wadudu aitwaye Le Pelley. Yeye alimchunguza upya kidung'ata na akagundua kuwa siye yule wa Asia hata kidogo. Alikuwa aina nyingine ambayo haikuwa na jina, na mwaka 1935 akamwandika kwa jina la kenyae, yaani wa Kenya. Hata jina hilo lilikuwa na kichekesho chake, kwani asili ya mdudu ilikuwa Uganda! Alikuwa akiishi huku siku zote bila ya kuleta msiba mkubwa, kwa sababu huku alikuwa na maadui zake. Alipovuka kwenda mashamba ya Kenya, aliwaacha nyuma.

Basi mwaka 1938 wakachukuliwa kutoka Uganda nyigu wadogo sana wa jamii ya Anagyrus, wakazalishwa na kuachiwa katika mashamba ya Kenya. Nyigu huyu hamng'ati mtu, wala wengi wetu hatungemwona hata akitua mkononi. Hutia yai lake ndani ya kidung'ata, na mtoto anayetoka hula kutokea ndani. Katika miaka michache balaa ile ikapungua mpaka ikawa jambo dogo katika sehemu nyingi. Hadi leo kisa hiki huhesabiwa miongoni mwa mifano bora duniani ya kumshinda mdudu kwa mdudu.

Ndugu zetu, dawa ilitafutwa ng'ambo na huku iko kwa jirani. Iliyoizuia isionekane ni kosa la jina tu.

CHUNGU HUYOHUYO, HUKUMU TOFAUTI

Mtu anaweza kusema, basi chungu ni adui wa mkulima. Tusifanye haraka. Twende Zanzibar katika miaka ya 1950. Huko mtaalamu aitwaye Way aliuchunguza ugonjwa wa minazi iliyokuwa ikiangusha nazi changa. Aliyekuwa akizichoma nazi ni kunguni wa mimea, ambaye baadaye alipewa jina lake, Pseudotheraptus wayi. Na aliyekuwa akiilinda minazi ni chungu! Ni wale majimoto wekundu wanaoshona majani kuwa nyumba. Mnazi wenye majimoto wengi ulisalimika. Lakini ilipoingia jamii ya Pheidole, ile ile ya vichwa vikubwa, iliwafukuza majimoto na kunguni akapata nafasi.

Kwa hiyo chungu mmoja alikuwa hasara kwenye mbuni na mwingine akawa rehema kwenye mnazi. Asiyejua tofauti akimwaga sumu juu ya wote, atakuwa amemuua mlinzi pamoja na mwizi.

TUNAPATA NINI HAPA?

Kahawa kwetu Uganda si kinywaji tu. Zamani Waganda wawili waliotaka kuwa ndugu waligawana punje mbili za tunda moja la kahawa. Leo ni miongoni mwa mauzo makubwa ya nchi yetu, na wanaoilima wengi ni wakulima wadogo. Wengi wetu tulio hapa mjini tumelipiwa ada ya shule kwa magunia ya kahawa ya babu kule kijijini. Aliyepotelewa na mavuno kwa sababu ya kosa la wataalamu hakupotelewa na takwimu, alipotelewa na ada ya mwanawe.

Kwa hiyo enyi wanafunzi, mnapoambiwa darasani mtofautishe mdudu huyu na yule, msione ni mambo ya kukariri kwa ajili ya mtihani. Miaka kumi na mitano ya hasara ilitokana na kutomtofautisha mdudu mmoja na mwenzake.

Na sisi wazazi tukumbuke kuwa Mtume Muhammad (S.A.W.) amekataza kuua chungu ovyo, na ametusimulia habari za Nabii aliyelaumiwa kwa kuchoma kijiji kizima cha chungu kwa sababu ya mmoja aliyemuuma. Tuwafundishe watoto hivyo nyumbani. Kopo la sukari lifunikwe. Mstari ukionekana ukutani, ufutwe kwa kitambaa chenye maji ya sabuni, harufu itaondoka na barabara itapotea. Lakini kabla ya kuufuta, muiteni mtoto auangalie kwanza kwa dakika tano. Aone chungu wawili wakikutana, wakigusana kwa vipapasio, na kila mmoja akaendelea na kazi yake.

Wabillahi tawfiq.